Zamu Yangu

Nilipokuwa na miaka kumi na tano nilikuwa nikitembea na ligi nzima ya mpira mfukoni. Timu ishirini, wachezaji wake, magoli, majeruhi, kadi nyekundu, na msimamo uliokuwa ukibadilika kila usiku. Vyote vilikuwamo ndani ya memori kadi ya PlayStation 2, kipande cha plastiki nyeusi kinachokaa katika kiganja, chenye nafasi ya megabaiti 8 tu. Nilikinunua Darajani kwa pesa nilizozidunduliza kidogo kidogo, za nauli na za chai ya skuli. Nikakibandika plasta ya kidonda, na juu ya plasta nikaandika kwa kalamu ya wino herufi mbili: ya jina langu na ya jina la sahibu yangu.

Mashine haikuwa yangu. Ilikuwa yake, kaletewa na mjomba wake kutoka Muscat, ile PS2 nyembamba inayoweza kuingia kwenye mkoba wa skuli. Wao walikuwa wakikaa Kikwajuni, sisi Michenzani kwenye yale majumba marefu, ghorofa ya tatu. Kwa miguu ni dakika kumi, nane ukiwa na hamu. Makubaliano yetu hayakuandikwa popote: mashine ikae kwake, kadi ikae kwangu. Kwa hiyo yeye peke yake angeweza kucheza, lakini akizima tu, hakuna kinachobaki. Na mimi peke yangu nilikuwa na ligi kamili isiyoweza kuonekana. Ilitubidi tukutane kila jioni. Wakati ule niliona ni shida ya watu wasio na pesa. Sasa naona ndiyo iliyokuwa bahati yetu.

Tulijuana kwenye banda la gemu. Mwenye banda alikuwa na televisheni mbili za mgongo mrefu na mashine mbili zilizotiwa chipu ili zisome sidii za kunakili, maana sidii halisi sisi tuliziona kwenye picha tu. Mechi moja shilingi 200, na anayefungwa anapisha. Siku ya kwanza alinifunga nne bila. Nikasimama nipishe, mfukoni sina kitu. Akatoa shilingi 200 zake akanilipia, nikadhani kanionea huruma. Kumbe alitaka anifunge tena. Ndivyo urafiki ulivyoanza, na kusema kweli ndivyo ulivyoendelea.

Sidii nazo zilikuwa zikizunguka mitaani kama sahani za futari mwezi wa Ramadhani. Anayejua desturi ya kwetu anajua kwamba sahani ya jirani hairudi tupu. Sidii ilikuwa na adabu hiyo hiyo. Ukiazima ya mpira, siku ya kuirudisha unabeba na ya mbio za magari, na ukifika mlangoni mama wa mtu hakuachi uondoke hivi hivi: kaa, mkate wa kumimina uko tayari, na mama yako hajambo? Sidii ikikwaruzwa tulikuwa tukiipaka dawa ya meno kwa kidole, kutoka katikati kwenda pembeni, tunaifuta kwa ncha ya fulana, kisha tunaiinua dirishani kuikagua kama sonara anavyokagua pete. Mara nyingine ilikubali. Isipokubali, ugomvi wa nani aliyeikwaruza ulikuwa unachukua wiki nzima, na katika wiki hiyo nzima ulikuwa huna budi kwenda kwake kugombana.

Kisha likaja giza. Disemba 2009 kebo ya umeme inayopita chini ya bahari kutoka Bara ilipata hitilafu, na Unguja nzima ikakaa bila umeme mpaka Machi 2010. Miezi mitatu. Pampu za maji zikasimama, kina mama wakawa wanapishana na ndoo, watu wakahamia barazani kutafuta upepo, na mji mzima ukawa unanguruma kwa jenereta. Banda likapandisha bei ya mechi hadi shilingi 500, petroli haina mswalie Mtume. Sisi tukaenda kwa muuza duka mmoja wa Kikwajuni aliyekuwa na jenereta ya kugandishia maji. Tukapatana: tutambebea madumu ya petroli na kuuza barafu jioni, naye atatuachia waya mmoja wa umeme mpaka saa nne usiku.

Ile ligi yetu tuliianzia pale, juu ya kasha la soda, televisheni ya inchi kumi na nne, na watoto wa mtaa wamejaa nyuma yetu hadi barabarani. Wazee waliokuwa wakisema gemu zinaharibu watoto nao wakawa wanasimama kutazama, kwa kuwa mtaani hapakuwa na taa nyingine ya kutazama. Saa nne ikikaribia muuza duka anakohoa. Tunahifadhi, tunasubiri ile alama iache kumeta, nachomoa kadi naitia mfukoni, na sahibu anaibeba mashine kwapani. Nilikuwa nikirudi Michenzani gizani, mkono mmoja ukiwa juu ya mfuko, kama mtu aliyebeba dhahabu.

Umeme uliporudi watu walipiga makelele mji mzima, na sisi tulipiga. Siku ya pili kila mtu akaenda kwao kutazama televisheni yake. Halafu ikaja mitihani, halafu likaja hili na lile. Ligi haikumalizika. Sikuifuta.

Mwaka 2013 kulikuwa na zogo ambalo tulilifuata kama fainali. Microsoft walitangaza kwamba mashine yao mpya, Xbox One, italazimika kuingia intaneti angalau mara moja kila saa 24, na kwamba kumpa mwenzako sidii kutakuwa na masharti. Mwezi wa Juni, kwenye maonyesho ya Los Angeles, Sony wakajibu kwa kejeli. Walitoa video fupi isiyofika nusu dakika ya kufundisha watu namna ya kugawana gemu kwenye PlayStation 4. Hatua ilikuwa moja tu: Shuhei Yoshida anampa Adam Boyes sidii mkononi, Boyes anashukuru, basi. Tuliitazama mimi na sahibu yangu kwenye intaneti kafe moja ya Mji Mkongwe, tukairudia na kuirudia mpaka muda tuliolipia ukaisha. Tukatoka nje tukicheka. Mwezi huo huo Microsoft wakarudi nyuma, nasi tukafurahi kana kwamba sisi ndio tuliowashinda.

Hatukujua kwamba ile video ilikuwa kama picha ya maiti. Haikupita miaka mingi, sisi wenyewe tukaacha kupeana sidii, wala hakuna aliyetukataza.

Mwaka 2016 sahibu alifuata njia ya mjomba wake, akaenda Muscat kufanya kazi. Miaka miwili baadaye alinunua PS4, nami nikapata ya mkono wa pili hapa nyumbani. Mashine hii haikuwa inatiwa chipu kama ile ya banda. Gemu mpya ilikuwa dola 60, na kwa bei ya dola ya wakati ule ni zaidi ya shilingi laki moja na thelathini elfu. Kwa mshahara wangu, gemu moja ilikuwa ni habari ya kufikiriwa na kulaliwa. Ndipo akanipigia simu. Simu ya kawaida, ya gharama, maana za WhatsApp kule zilikuwa hazipiti.

"Yakhe," akaniambia, "kuna njia. Ukinunua wewe nacheza na mimi, nikinunua mimi unacheza na wewe. Sote wawili, kila mtu kwake, wakati mmoja."

Nilidhani ananitania. Lakini njia ilikuwapo, na kanuni yake ni hii. Kila akaunti ya PlayStation inaruhusiwa kuwa na PS4 moja kuu. Katika mashine hiyo, mtu yeyote anaweza kucheza gemu za akaunti hiyo, hata intaneti isipokuwapo. Na mwenye akaunti, akiwa kwenye mashine nyingine yoyote, anaweza kucheza gemu zake mradi aingie kwa jina lake na intaneti iwepo ya kumthibitisha. Ujanja ni kupishanisha: akaunti yangu iifanye mashine yake kuwa ndiyo kuu, na akaunti yake iifanye yangu. Gemu moja ikawa mbili. Kanuni iliwekwa kwa ajili ya watu wa nyumba moja wanaotumia mashine moja sebuleni, na masharti yanamkataza mtu kumpa mwenzake neno la siri. Tulilijua hilo. Tukajiambia kwamba sisi pia ni watu wa nyumba moja, ila sebule yetu imepitiwa na bahari katikati.

Duka lenyewe la mtandaoni halikuwa na Tanzania katika orodha ya nchi zake. Akaunti zetu zote mbili zilikuwa za Marekani, tukalipia kwa vocha za dola, na kwenye nafasi ya anwani tukaandika mji ambao hakuna kati yetu aliyewahi kuukanyaga. Usiku wa kupishanisha, yeye aliingiza jina langu na neno langu la siri kwenye mashine yake, kisha ujumbe ukaja kwenye simu yangu: tarakimu sita. Nikamsomea. Akakosea. Zikaja nyingine, nikasoma polepole kama mwalimu wa darasa la kwanza. Halafu ikawa zamu yangu kuandika na yake kusoma. Tulipomaliza, gemu zake zilikuwa zimejipanga kwenye kioo changu mstari mzima, na zangu ziko Muscat. Nilimwambia hii ni memori kadi mpya. Akasema, "Hii haitaki dakika kumi za kutembea." Tukaona hiyo ndiyo sifa yake.

Tukapanga na zamu. Gemu ya mpira hutoka kila mwaka mwishoni mwa Septemba au mwanzoni mwa Oktoba, na ya mwaka jana haraka huwa mchuzi wa jana. Tukakubaliana kwamba mwaka wa shufwa anunue yeye, wa witiri ninunue mimi. Mwaka 2018 akanunua FIFA 19, 2019 nikanunua FIFA 20, 2020 akanunua FIFA 21.

Kulikuwa na kichekesho kimoja. Kwa vile mashine kuu ya akaunti yangu ilikuwa kule kwake, mimi nikiwa hapa Unguja nilikuwa nahitaji intaneti hata kufungua gemu niliyoinunua mwenyewe. Intaneti ikikatika, na kwetu haikuwa ikihitaji sababu kubwa, gemu zangu zote zinavaa alama ndogo ya kufuli. Nabonyeza, inakataa. Lakini za sahibu yangu zinafunguka kama mchana kweupe. Nyumbani kwangu, kwenye mashine yangu, vyangu vimefungwa na vyake viko wazi. Yeye kule hivyo hivyo. Wahenga walisema mtegemea cha nduguye hufa maskini, lakini wahenga hawakuwahi kuona PS4. Sisi tukikosa intaneti, tulikuwa hatuna kingine ila cha nduguye.

Nilipenda kufuli lile. Nalisema hili kwa sababu ndilo lililokuja kunihukumu.

Kuna kilichopungua, ingawa sikukiona mara moja. Kucheza wenyewe kwa wenyewe kupitia intaneti kulitushinda. Mpira ulikuwa unachelewa, unapiga pasi leo inafika kesho, na wikendi zetu zilikuwa hazikutani vizuri: wao Ijumaa na Jumamosi, sisi Jumamosi na Jumapili, na saa yao iko mbele ya yetu kwa saa moja. Basi kila mtu akawa anacheza kwake, na mashine. Tuligawana gemu bila kucheza pamoja. Na kwa kuwa hakuna kilichobebwa, hapakuwa na cha kurudisha. Zamani nilikuwa na sababu ya kwenda kwao: kadi iko kwangu, sidii yake iko kwangu, padi yangu iko kwake. Sasa kila kitu kilikuwa kwa kila mtu. Simu zikawa za mwezi kwa mwezi, kisha za Idi kwa Idi. Sikuwa na wasiwasi. Nikiwasha mashine naliona jina lake pale pembeni ya langu, nasema moyoni: sahibu yupo.

Juni 2021 nilipata barua pepe kwamba kuna mtu kajaribu kuingia kwenye akaunti yangu kutoka mahali nisipopajua. Nilikuwa nimeoa, mke wangu ana mimba ya miezi saba, na kila kitu kilikuwa kikinitia hofu. Nikabadilisha neno la siri. Halafu nikakuta sehemu ya kuiondoa akaunti kwenye mashine zote kwa mpigo mmoja, jambo linaloruhusiwa mara moja tu kila miezi sita. Nikabonyeza. Nikarudi kwenye mashine yangu, nikaingia upya, nikakutana na swali la kama hii ndiyo mashine yangu kuu. Nikabonyeza ndiyo, kama mtu anavyobonyeza ndiyo kwenye maswali yote asiyoyasoma. Nikalala usingizi mzuri. Nimefunga nyumba vizuri, nikajiambia.

Oktoba mwaka huo ilikuwa zamu yangu. Nikanunua FIFA 22, nikamwandikia: "Tayari, yakhe. Shusha." Akanijibu kwa dole gumba.

Mwaka 2022, mwisho wa Septemba, ukaja ujumbe wake: "Zamu yangu nimelipa." Ilikuwa FIFA 23, ya mwisho kutoka kwa jina hilo, maana baada ya hapo watengenezaji wake, EA, na shirikisho la mpira la dunia waliachana na gemu ikabadilishwa jina. Niliipakua usiku ule ule. Nikamjibu nami kwa dole gumba.

Mwaka 2023 ulikuwa wa witiri. Mtoto alikuwa na miaka miwili, kodi imepanda, na mashine ilikuwa inapata vumbi. Sikununua. Wala sikumwambia kwamba sinunui.

Jumapili ya tarehe 12 Mei 2024 kebo mbili za intaneti za chini ya bahari ziliharibika, na Afrika Mashariki ikayumba. Kwangu intaneti haikuwa ya kusuasua, haikuwapo kabisa. Bahari ile ile, miaka kumi na minne baadaye, waya mwingine. Usiku, mtoto amelala, simu haina cha kuonyesha, nikakumbuka mashine. Nikaipuliza vumbi, nikaiwasha, nikapitisha kidole kwenye gemu moja baada ya nyingine. Ya sahibu yangu, imefunguka. Nikaifunga. Yangu ya 2021, imefunguka. Nikaifunga pia, na hapo mkono ukasita.

Mbona yangu imefunguka?

Intaneti hakuna. Kwa kanuni tuliyoiweka, yangu ilipaswa kuwa na kufuli. Nikafungua nyingine yangu, ikakubali. Na nyingine. Nilikaa kitandani na padi mkononi, nikihesabu nyuma kama mtu aliyepoteza funguo, mpaka nikafika kwenye ile barua pepe ya Juni 2021 na lile neno "ndiyo". Kama kufuli haliko kwangu, basi liko kwake. Na limekuwa kwake miaka mitatu kasoro mwezi.

Nikapiga simu. Ya kawaida, ya gharama.

"Yakhe, ile ya zamu yangu ya 2021, ulipata kuicheza?"

Akanyamaza kidogo. "Ina kufuli," akasema, kwa sauti ya mtu anayekwambia nje kuna mawingu.

"Tangu lini?"

"Tangu kabla hujainunua. Zako zote."

"Na mbona hukusema?"

"Nilijua umeoa, mtoto yuko njiani, una mambo yako. Mtu akifunga mlango wake, wewe utakwenda kumuuliza kaufungia nini?"

Sikuwa na jibu, nikatafuta pa kushika. "Sasa mbona wewe 2022 ukanunua?"

"Ilikuwa zamu yangu," akasema, na ikawa kama nimemuuliza kwa nini jua linatoka Pongwe na kuzama Forodhani.

Nimeyafikiria sana maneno yale. Katika siku za kadi na mashine, kama ningetaka kumnyima ingenilazimu nifanye hivyo usoni pake. Ningemwambia kadi imepotea, naye angenitazama, na pengine mama yake angeniita pembeni aniulize mmekosana nini. Hata ugomvi wa sidii iliyokwaruzwa ulikuwa na njia ya kutokea. Kufuli la kwenye kioo halina uso. Halikumwambia kwamba rafiki yako kaogopa barua pepe, kabonyeza bila kusoma, wala hajui alichokifanya. Lilimwonyesha kufuli tu, likamwachia atafsiri mwenyewe. Akatafsiri kwa hekima na upole, na upole wake ndio uliotugharimu miaka mitatu.

Wala si kwamba ningeweza kumnunulia nyingine nikafuta kosa. Septemba 2023, gemu mpya ilipokaribia kutoka, zile za jina la FIFA ziliondolewa kwenye maduka ya mtandaoni. Aliyekwisha kununua ataendelea kuipakua, ambaye hakununua hatainunua huko tena. Nilimfungia kitu ambacho leo hata kwa pesa yake mwenyewe duka lile halimuuzii. Kutoka Januari 2025 sheria ya jimbo la California inawataka wauzaji wa vitu vya kidijitali wamweleze mnunuzi wazi kwamba anachopata ni leseni, si mali yake moja kwa moja. Nilipoisoma habari hiyo nilicheka peke yangu. Tangu 2018 sisi tulikuwa tukigawana ruhusa, tukadhani tunagawana gemu. Sidii ya kuazima ilikuwa ikinirudisha mlangoni kwake. Ruhusa hairudishi mtu popote.

Intaneti ilipotengemaa, siku chache baadaye, tukapanga usiku mmoja tulirekebishe. Akaniambia hakuna haja, kazi zimekuwa nyingi, na mashine yenyewe siku hizi inatumiwa zaidi na mtoto wa jirani. Nikamwambia haja ni yangu. Akacheka. Akaandika jina langu, nikamtajia neno jipya la siri, na tarakimu sita zikaingia kwenye simu yangu. Nikamsomea. Akakosea. Zikaja nyingine, nikamsomea polepole, tarakimu moja moja, naye akawa anairudia kila moja baada yangu.

"Imefunguka," akasema.

Kwangu, nilipozima intaneti kujaribu, zangu zote zilikuwa zimevaa kufuli. Nilifurahi kuziona.

"Utacheza sasa?"

"Huku saa sita usiku, yakhe. Kesho kazini."

Hakukata simu, na mimi sikukata. Nilisikia kiyoyozi chake, naye bila shaka alisikia feni yangu. Halafu akauliza, "Ile kadi bado unayo?"

Nikavuta mtoto wa meza. Ilikuwamo chini ya risiti na chaja zilizokufa. Plasta imegeuka rangi ya chai ya maziwa na wino umekwisha kabisa, lakini herufi zenyewe mimi nazijua.

"Ninayo."

"Mashine mama kaiweka juu ya kabati, kaifunika na kitambaa. Zilibaki mechi ngapi?"

"Nne," nikasema. Sikuhitaji kutazama.

"Basi usiifute."